Spana Niliyokwenda Nayo Msibani

Siku ile naikumbuka, mwanangu, ingawa ningependa kuisahau.

Nilikuwa kijana, fundi wa kiwanda cha kuchambua pamba hapa Bariadi. Bei ya pamba ilipoporomoka, mwenye kiwanda akaondoka bila kuaga, tukabaki getini tunatazamana. Basi tukakaa, wake kwa waume, tukasema mashine zipo, mikono ipo, na pamba ya wakulima wa Sola imejaa majumbani. Tukaamua kukiendesha wenyewe, bila bosi.

Kuwasha na kuzima mashine kila mtu alijua. Ila misumeno inayotenganisha nyuzi na mbegu ikikwama, wa kuizibua nilikuwa mimi peke yangu, na spana ilikuwa mfukoni mwangu. Nisikufiche, niliona raha. Wakiniomba niwafundishe, nasema kesho. Kumbe nilikuwa bosi mwingine tu, tena asiye na gari.

Aliyeniomba zaidi ni mama mfagia mbegu, tuliyemwita Mayu, mama yetu sote. "Nionyeshe tu inavyozibuliwa, ng'wana wane, mwanangu." Nikacheka. Mama mtu mzima, mashine ya nini?

Nikaenda Bukundi kumzika mjomba, na spana nikaenda nayo. Huku nyuma msumeno ukakwama, wingu limetanda, pamba ya watu iko nje. Mayu akazima mashine, akaingiza mkono. Hakuna aliyewahi kumwambia kwamba ukishazima, misumeno huendelea kuzunguka kwa muda. Nilijua mimi tu.

Vidole viwili vilikatika.

Nilimkuta hospitali, nikapiga magoti. Mayu hakunigombeza. Akanitazama tu, akauliza, "Sasa utanifundisha?"

Nililia, mwanangu, mwanaume mzima na masharubu yangu.

Nikamfundisha yeye, kisha wote, na spana nikaiacha kiwandani. Msimu uliofuata malaria ilinilaza nyumbani, jirani na kiwanda, siku kadhaa. Asubuhi moja nikasikia mashine ikinyamaza ghafla, nikajua imekwama. Nikataka kuamka, miguu ikagoma. Baada ya muda ikanguruma tena. Alikuwa Mayu, na vidole vyake vinane. Sijawahi kulala usingizi mtamu kama wa siku ile.

Kwa hiyo unachokijua mfundishe aliye karibu nawe, leo, hata kama unaona hakimhusu. Usingoje alipie uchoyo wako kwa vidole vyake.

Mungu aibariki mikono yako, mwanangu. Na siku usipokuwepo, akujalie uisikie kazi yako ikinguruma bila wewe.