Kashata Zilizokataa Kuganda

Kuna hatua moja katika kuchemsha asali ambayo harufu yake hunirudisha Same bila nauli. Si mwanzoni, inaponukia maua, wala si mwishoni, inapoanza kuungua na wewe unakimbilia madirisha. Ni pale katikati, povu linapopanda na kushuka, huku karanga zilizokaangwa zikisubiri pembeni kwenye ungo. Juma lililopita nilikuwa jikoni kwangu Dodoma, mwiko mkononi, harufu hiyo ikanijia na nikajikuta nacheka peke yangu. Binti yangu akaniuliza nacheka nini. Nikamwambia nitamweleza baadaye. Ninyi nawaeleza sasa.

Sisi ni watu wa Chome, juu kabisa kwenye milima ya Upare, ambako ukungu huingia ndani bila kupiga hodi na nguo iliyofuliwa hukauka siku ikipenda. Baba alipata kazi ya kutunza pampu za maji Same mjini akatutangulia, na nilipoingia darasa la tatu mimi na mama tukamfuata. Mama hakuupenda mji ule hata kidogo. Alikuta joto, alikuta vumbi, alikuta upepo unaovuma mchana kutwa kutoka tambarare na kumwaga mchanga kwenye unga. "Huu si upepo," alikuwa akisema huku akifuta meza kwa mara nyingine, "hii ni pumzi ya mtu mwenye homa."

Uamuzi wake aliutangaza mapema, mbele yangu na mbele ya baba, akiwa anachambua maharage ya makande. Shule zikifungwa atapanda zake Chome, mimi pamoja naye, na hatutashuka tena. Baba angetutembelea akipata likizo. Baba hakubishana. Aliinama akaanza kuchambua maharage naye, jambo ambalo hakuwahi kulifanya kabla, na hapo nikajua mambo yameharibika.

Mimi sikutaka kwenda popote. Chome naipenda mpaka leo, lakini Chome ya mtoto wa kike ilikuwa ni kukatia ng'ombe majani alfajiri kwenye umande wa baridi. Same kulikuwa na mabasi ya barabara kuu yanayopiga honi tangu asubuhi, kulikuwa na barafu za ubuyu zinazopaka ulimi rangi nyekundu, na zaidi ya yote kulikuwa na Zuhura. Alikuwa jirani yetu wa ukuta kwa ukuta, tuko darasa moja, anajua kuruka kamba kuliko mtoto yeyote wa mtaa ule. Baba yake aliuza vitambaa sokoni na ukoo wao ulikuwa Same tangu enzi za babu wa babu zao. Nilipowaza kumwacha Zuhura, na baba akila peke yake kwenye meza ile, nilitamani shule zisifungwe kamwe.

Mama na mama Zuhura hawakuwa wamegombana. Walikuwa wanasalimiana tu, "Habari za asubuhi," "Nzuri," kila mmoja na ufagio wake, basi. Mama alikuwa na haya ya watu wa mlimani. Aliona Kiswahili chake ni kizito na kitenge chake ni cha shamba, na yule mwenzake alitoka hata kumwaga maji akiwa amejitanda khanga iliyopigwa pasi.

Ikafika Idd. Mchana Zuhura akaja kwetu na gauni jipya linalong'aa, amebeba sahani kubwa ya bati yenye maua ya bluu, imefunikwa kitambaa cheupe. Ndani mlikuwa na pilau upande mmoja na visheti upande mwingine, na harufu ya iliki ilijaza nyumba mpaka baba akatoka uani bila kuitwa. Tulikula. Mama alikula, na akaongeza. Kisha akaiosha ile sahani, akaikausha, akaiweka mezani na kukaa akiitazama.

Sasa hapa ndipo penye kazi. Kwetu huwezi kumrudishia jirani sahani yake tupu. Ni aibu ambayo hata watoto wanaijua. Na mama alikuwa na aibu ya pili juu yake. "Unajua wanavyotusema Wapare," alimwambia baba. "Wabahili. Sasa niwapelekee sahani tupu wapate ushahidi?" Akaapa kuwa hataondoka Same na chombo cha watu kikiwa ndani ya nyumba yake, na hatakirudisha kitupu. Akishakirudisha, ndipo atapanda mlimani akiwa na amani.

Alichagua kutengeneza kashata za asali, kama alivyofundishwa na mama yake. Asali tulikuwa nayo, dumu zima kutoka Chome, nyeusi na yenye ukali kidogo wa msituni. Karanga tulinunua sokoni. Kazi yangu ilikuwa kuzikaanga juu ya moto wa mkaa, nikizigeuza bila kupumzika, mpaka maganda yakaanza kupasuka na kuruka yenyewe. Kisha nikazipeta uani, na upepo wa Same, siku hiyo angalau, ukanisaidia. Maganda yote yakaenda kwa jirani. Mama akazitwanga kidogo tu, zibaki chengachenga, akazimimina kwenye asali inayochemka na kukoroga huku akiongea Kipare na sufuria. Alipotandaza mchanganyiko ule kwenye sinia lililopakwa mafuta, ulikuwa unang'aa vizuri ajabu. Nilitamani kulilamba sinia lote na ukingo wake.

Halafu mama akafanya kile ambacho mwanamke yeyote wa Chome angefanya. Alichukua sinia akaliweka dirishani.

Nyumbani mlimani, hiyo ndiyo kazi iliyobaki. Dirisha la chumba cha nyuma linaingiza baridi, unaondoka, unaendelea na shughuli zako, na ukirudi kashata ni ngumu kiasi cha kuvunjwa kwa mpini wa kisu. Mama aliliamini dirisha. Hakufikiri kwamba dirisha la Same linafanya kazi nyingine kabisa. Tulirudi baadaye tukiwa na kisu tayari, na kashata zilikuwa zimeanza safari. Zilikuwa zimeteremka upande mmoja wa sinia, zikapita ukingoni, na uzi mrefu wa asali ulikuwa unashuka ukutani taratibu, huku sisimizi wakiupokea kwa heshima zote.

Mama alisimama pale mikono kiunoni. Baba alichungulia juu ya bega lake, akatazama, akafikiri, akauliza, "Hii tunaila au tunainywa?"

Nilifikiri mama atalia. Badala yake alicheka, kicheko ambacho sikuwa nimekisikia tangu tushuke mlimani, mpaka ikabidi ashike meza. Baba naye akaambukizwa. Walicheka wote wawili huku asali ikiendelea kushuka.

Walipotulia, mama akakunja mikono ya gauni. Aliichemsha tena ile asali na karanga zake, ikapoa, bado ikanata. Akajaribu kuifinyanga kwa mkono, ikamshika vidole vyote. Mtu anayekanda maandazi akinatiwa hunyunyiza unga, na mama akaniagiza unga. Ngano hatukuwa nayo. Mahindi yangekuwa mabichi mdomoni. Kilichokuwepo ni ubuyu mweupe ambao baba alinunua kwa ajili ya juisi.

"Lete," mama akasema. "Unga ni unga."

Tukautwanga ubuyu kwa upole ili mbegu zisipasuke, tukauchekecha, ukashuka unga mwepesi kama poda ya mtoto. Mama akakata donge la asali na karanga, akalibingirisha kwenye unga ule, likakubali. Halikunata tena. Likakaa kiganjani mwake, dogo, la mviringo, jeupe kwa nje. Akalipasua na kunigawia nusu. Kwanza niliupata uchachu wa ubuyu, mpaka mashavu yanavutana, kisha asali ikaja nyuma yake, na karanga mwisho kabisa. Mpaka leo sijala kitu kitamu kuliko ile nusu. Mama alitafuna macho yakiwa juu, kisha akasema neno moja la Kipare ambalo maana yake ni "kumbe."

Tulizibingirisha mpaka jua likaanza kuinama. Mimi zangu zilikuwa na pembe, za baba kubwa mno, za mama zote sawasawa. Sahani ya maua ya bluu ikajaa.

Nilitumwa niipeleke. Nilipaswa kufurahi, lakini kila hatua ilinikumbusha kwamba sahani ikishafika, hakuna tena kinachotuzuia Same. Zuhura alinifungulia mlango, na nilipomwona tu nikaanza kulia, nikamweleza yote pale pale kizingitini: kwamba mama alikuwa anasubiri kurudisha chombo cha watu, kwamba sasa tunaondoka, na ng'ombe wa bibi kule Chome wananisubiri.

Mama Zuhura alitokea nyuma yake. Nikafuta pua, nikasema, "Shikamoo."

"Marahaba mwanangu. Kuna nini tena na hayo machozi?"

Zuhura alimwambia kila kitu, bila kuacha hata ng'ombe. Mama Zuhura aliipokea sahani. Alifunua kitambaa, akachukua donge moja, akalitia mdomoni. Nilimwona akikunja uso kwa uchachu, nikadhani tumeumbuka. Kisha uso ukafunguka. Akachukua la pili.

"Mama yako kaweka nini humu?"

"Ubuyu," nikasema.

"Ubuyu! Na asali!" Akamgeukia mwanawe. "Unaona mambo ya watu?" Akachukua la tatu.

Siku ile sahani haikulala kwao. Jioni ile ile ilirudi kwetu na sambusa za moto. Mama aliipokea, akaitazama kama mtu aliyeletewa mgeni asiyemtarajia, na siku iliyofuata akapika makande ya maziwa akajaza. Ikarudi na wali wa nazi, wa mchele wa mashamba ya Ndungu kule bondeni. Ikaenda na ndizi zilizotoka Chome. Hapo mama Zuhura akaja mwenyewe, na kigoda chake mkononi, akasema ametumwa na mumewe ajifunze zile kashata na hatoki mpaka ajue. Walikaa uani mchana mzima, mikono myeupe kwa ubuyu, na mimi na Zuhura, tukiruka kamba, tuliwasikia wakicheka kuhusu waume zao.

Shule zikafungwa. Sahani ilikuwa kwetu, imejaa kaimati ambazo hazijaliwa. Gari la mlimani lilipita barabarani likapiga honi yake ndefu, na mama, akiwa anamenya vitunguu, hakuinua kichwa. Nilikwenda uani nikarukaruka bila kamba.

Miaka yote nilikua nikijua kwamba mama Zuhura ndiye aliyetuokoa. Alijua siri ya sahani kutoka kinywani mwangu, akaitumia, akamfunga mama kwa adabu yake mwenyewe. Niliona ni ujanja mkubwa, na nilimpenda mama Zuhura kwa ajili hiyo kuliko alivyojua.

Wazazi wangu bado wako Same, nyumba ile ile, na mama Zuhura yuko ukuta wa pili. Juma lililopita, baada ya kucheka peke yangu jikoni, nilimpigia mama simu. Nilimweleza hatimaye jinsi nilivyolia kizingitini, na jinsi jirani yake alivyomweza.

"Aliniweza?" mama akasema. Nilimsikia akivuta kiti na kukaa. "Ile sahani ilikuwa ikilala kwao siku nyingine hata juma zima, Nakundwa. Na gari la mlimani lilikuwa likipita kila asubuhi. Nani alinishika mguu?"

Sikuwa nimewahi kulifikiria hilo. Utotoni nilihesabu tu siku sahani ilipokuwa kwetu, siku za usalama. Zile nyingine, mlango ulipokuwa wazi na mama hadaiwi chochote na mtu, nilizipita bila kumtazama mama yangu alikuwa anafanya nini.

"Sasa mbona hukuondoka?" nikamuuliza.

"Ningeondokaje," mama akasema, "na nilikuwa nangoja irudi?"