Mcha Hakuwa Askari

Bi Sichana hasomi herufi za kizungu, lakini ana barua mbili anazijua neno kwa neno. Ya kwanza niliiandika mie. Ya pili nilimsomea mie. Kwa hiyo mkitaka mtu wa kumlaumu katika habari hii msihangaike kumtafuta mbali, nimekaa hapa hapa, nyumba ya tatu kutoka kwake, nyuma ya maduka ya Mlandege.

Nikwambieni kwanza ni mtu gani, maana wengi wanamjua kwa kofia zake tu. Sichana kazaliwa Matemwe, akaolewa mjini, na mumewe akafariki mtoto wao wa pekee, Mcha, akiwa na miaka sita. Hakuolewa tena. Alikaa mkekani na sindano, akashona kofia za mkono, tundu kwa tundu, kofia moja miezi miwili, mitatu, na kwa kofia hizo akamlea Mcha na kumsomesha. Msahafu anausoma hakwami hata pahala pamoja. Lakini mpe karatasi ya hospitali, ataishika chini juu. Karatasi zake zote nasoma mie, kwa sababu nilikuwa karani wa skuli miaka ishirini na saba, na kwa sababu nikipewa siri, sitoi. Aibu ya maiti aijuae muosha.

Yeye ni mtu wa maneno machache na mkaidi asiyesemeka. Mwenye mdomo ni mie. Nikimgombeza, "Sichana, vaa miwani, utajidunga," hunijibu bila ya kuinua kichwa, "Radhiya, nyamaza, nahesabu tundu."

Mcha alipata kazi katika hoteli moja ya Bwejuu, akashika lugha ya wageni waliokuwa wakija kutoka nchi moja ya baridi. Nchi yenyewe siitaji, wala ile iliyokuwa ikipigana nayo, maana hapa ukitaja jina tu, baraza zima linakuwa majemadari. Mgeni mmoja akamwambia kwao kuna kazi ya ghalani. Akaenda. Alipakia maboksi miezi saba, kibali kikamwishia, akaambiwa achague mwenyewe: arudishwe kwao mikono mitupu, au atie saini jeshini mwaka mmoja apewe uraia. Akatia saini, mjinga yule. Namwita mjinga kwa kuwa nampenda, mgongo huu ndio uliombeba.

Siku hiyo alimletea mama yake picha tatu kwenye simu. Moja kavaa magwanda. Ya pili kadi yake ya jeshi, ina jina, namba na kikosi. Ya tatu mkataba wenye mihuri mitatu. Akatuma na sauti: "Mama, mwanao kaingia jeshini. Picha hizi ziweke, usimwoneshe mtu." Sichana alilia siku tatu. Ya nne akatoka nje, akawaambia majirani Mcha kapata kazi ya upishi. Kwetu jambo likikushinda unalisitiri, huliweki uwanjani. Na mie nikamsaidia kusitiri, tena kwa bidii, hadi nikawa nawaeleza watu Mcha anapika supu gani.

Mwezi wa Rajabu ikaja barua ya Msalaba Mwekundu. Sichana aliniletea kaishika kwa mikono miwili. Ilisema Mcha yu hai, kajeruhiwa mkono, yumo mikononi mwa upande wa pili. Ilisema pia kuwa mahakama ya huko itaamua kama ni mateka wa vita au ni mamluki, na kwamba jamaa zake wakiwa na maelezo yoyote wayapeleke kabla ya mwezi kwisha.

Mateka wa vita au mamluki. Niliyasoma maneno hayo mara nne. Mateka nnamjua, na mamluki nshawahi kumsikia redioni. Tofauti yake mbele ya sheria sikuijua, na sikumwuliza mtu. Kuuliza si ujinga, watoto wa skuli nimewaambia hivyo maisha yangu yote! Lakini karani mzima wa miaka ishirini na saba, ataulizaje?

"Wanataka kujua nini?" Sichana akaniuliza.

"Wanataka kujua kama ni askari au si askari," nikamjibu.

"Basi tuwaambie si askari."

Na mie nikaona kasema la maana. Hebu fikirini wenyewe, adui atamwachia nani, askari au asiyekuwa askari? Tena sisi tuna desturi yetu. Ukitaka nafasi ya skuli, ukitaka kusamehewa malipo ya hospitali, ukitaka mwanao atoke mahabusu, unakwenda kwa sheha wa mtaa akuandikie: huyu ni mtu mwema, ana dhiki, ana mzee anayemtegemea. Dhiki ndiyo inayofungua milango hapa. Sijapatapo kumwona mtu aliyeombewa kwa kuambiwa, "Naam, huyu ni mmoja wao kabisa, kaandikishwa na kadi anayo."

Nikaiandika mie, kwa Kiswahili na kwa Kiingereza, herufi zimesimama safi: "Mcha ni kijana mwema, mtoto pekee wa mama mjane. Hakuwa askari hata siku moja. Alikwenda huko kwa ajili ya fedha tu, kwa sababu ya dhiki ya mama yake."

Sheha wetu, Bwana Jaku, aliisoma kavaa miwani, akatikisa kichwa kwa huruma. "Hilo la fedha umelitia vizuri, Bi Radhiya. Lazima litawagusa." Akapiga muhuri. Akaona umefifia, akapiga mwengine pembeni. Sichana akaweka kidole gumba chake chini, na mie nikamsomea hadi akaihifadhi moyoni, kisha tukaipeleka Msalaba Mwekundu.

Tuliporudi nyumbani akanipa simu yake. "Na zile picha?"

"Picha zina nini?"

"Barua iseme si askari, na simu iseme ni askari? Wakija kupekua?"

"Nani atakuja Mlandege kupekua simu yako, Sichana?"

"Huwezi kujua. Futa."

Nikafuta. Magwanda, kadi, mkataba, na ile sauti. Kwa kidole changu hiki. Kisha tukanywa chai, na nakumbuka tulikuwa na furaha.

Ikapita miezi mitano. Siku moja nikapigiwa simu na wakili, binti anaitwa Nadra, ana ofisi ndogo Vuga na huwasaidia watu bila ya malipo. Faili la Mcha lilikuwa limemfikia yeye. Siku hiyo Sichana alikuwa hospitali kufanyiwa jicho, basi nikaenda peke yangu.

"Shikamoo, Bi Radhiya."

"Marahaba, mwanangu. Wamemwachia?"

Alinivutia kiti, akafungua faili, na juu kabisa nikaiona barua yangu. Mihuri miwili.

"Bibi, hii aliiandika nani?"

"Mie. Kwani ina makosa?"

Aliisogeza pembeni taratibu. "Askari wa nchi akikamatwa vitani, kupigana kwake si kosa. Anazuiliwa asirudi vitani, basi. Hawawezi kumshitaki kwa kuwa alibeba bunduki. Vita vikisha, au wakibadilishana, anarudi kwao. Huyo ndiye mateka wa vita."

"Na mamluki?"

"Mamluki ni mtu wa nje aliyekwenda kupigana kwa ajili ya pesa na hakuandikishwa katika jeshi la upande wowote. Huyo kinga hiyo hana. Anashitakiwa kama muuaji mwengine yeyote."

Nikamwambia, "Lakini Mcha aliandikishwa."

"Mwenyewe aliwaambia hivyo. Kadi yake iliungua siku aliyojeruhiwa, na jeshi lake waliliandikia, halikujibu. Kama aliandikishwa, hata angekuwa kafuata pesa, mamluki si yeye. Mahakama ilikuwa na shaka, Bi Radhiya, ilikuwa ikingoja ushahidi wowote." Akagusa barua. "Ikaja hii. Mama yake mwenyewe na sheha wake wanasema hakuwa askari, na alifuata fedha tu."

Nikamfokea, maskini ya Mungu, kama yeye ndiye aliyeitunga sheria. "Sheria gani hiyo? Aliyeua na kadi anakwenda kwao, asiyekuwa na kadi anafungwa? Wametia akili wapi watu hawa?"

Akaniacha nimalize. Kisha akaniuliza kwa sauti ndogo, "Hamna karatasi yoyote ya jeshi? Hata picha?"

"Tulikuwa nazo," nikasema.

Wamempa miaka kumi na minane. Wenzake wawili waliokamatwa naye katika handaki moja, wageni kama yeye, kadi zao zilionekana. Hao walibadilishwa, wakaondoka na basi.

Nilijitahidi, msije mkadhani nilikaa tu. Nilimchukua fundi simu wa Darajani, akakaa na simu ile siku tatu, hakupata kitu. Nilimwandikia Nadra maelezo mapya, nikakiri kuwa barua ya kwanza ni uongo wangu, akayapeleka rufaani. Likarudi jibu: jirani aliyekiri kuwa alidanganya mara moja hawezi kuaminiwa mara ya pili. Na hapo ningesema nini? Wamesema kweli.

Lakini siku ile ya kwanza, niliporudi kutoka Vuga, nilikuwa nimeapa njia nzima kuwa ntamwambia kila kitu. Nikamkuta mkekani, jicho moja limefungwa, kofia mapajani. Alikuwa akimshonea Mcha, ya kuvaa siku atakayorudi.

"Wakili kasemaje?"

"Miaka kumi na minane, Sichana."

Sindano ikasimama. Nikamshika bega. Yeye ana miaka sitini na moja. Nadhani alikuwa akihesabu.

Kisha akasema, "Wangemnyonga, Radhiya. Kama si barua yetu ile, wangemnyonga."

Na mie, mwenye mdomo, nikanyamaza. Wallahi nilinyamaza. Kesho yake alipika mkate wa kumimina, akampelekea Sheha Jaku kumshukuru, na mimi nikatumiwa nusu yake. Niliwapa watoto wa jirani.

Barua ya Mcha ikafika baada ya hapo, imechelewa njiani, tarehe yake ni ya kabla ya hukumu. Kipande kimoja cha karatasi, kwa Kiingereza, kwa sababu barua za wafungwa wa kule husomwa kwanza na walinzi. Sichana akaja nayo Ijumaa baada ya sala, kajitanda vizuri, akakaa mbele yangu mikono magotini kama mwanafunzi wa chuoni.

"Soma."

Nikaisoma kwanza kimoyomoyo. Ilisema: "Mama, wananiita mamluki. Waambie ukweli, kuwa mie nilikuwa askari. Zile picha tatu zitume upesi. Nimewaambia mama yangu anazo, na mama yangu hasemi uongo. Wenzangu wamepata, wataondoka. Mie nakungoja wewe tu."

"Radhiya, soma. Kasema nini?"

Nikakohoa. Nikasoma: "Mama, mie sijambo. Jeraha limepona. Chakula kipo. Barua yako imefika, nimelia kwa furaha, Mungu akulipe. Nishonee kofia."

"Imefika? Kasema imefika?"

"Imefika."

Akalia, akacheka, akafuta lile jicho zima kwa ncha ya kanga. Akaichukua karatasi, akaibusu, akanirudishia. "Soma tena."

Nikasoma tena. Na tangu siku hiyo kila Ijumaa anakuja nayo, imeshachakaa kwenye mikunjo, na kila Ijumaa namsomea. Ijumaa iliyopita nilijikwaa, nikasema, "Jeraha linapona." Akanipiga kofi dogo la mkono.

"Limepona, Radhiya," akaniambia. "Soma kama alivyoandika mwanangu."