Mtungi wa Bibi na Ukurasa wa Kumi na Tatu

Fundi anapaka geti langu rangi leo, na harufu ile imenirudisha uani kwa bibi, Likoni, nikiwa na brashi mkononi na kitabu cha fizikia cha kaka yangu kimefunuliwa sakafuni.

Kitabu kilisema rangi nyeupe huzuia joto. Nikautazama mtungi wa bibi, wa udongo, mweusi kwa uzee, unavyotoka jasho, nikauonea huruma. Ulikuwa mwezi wa Ramadhani, na majirani walikuja kufuturu kwetu kwa ajili ya maji yake baridi yenye harufu ya ubani. Nikaupaka rangi nyeupe mpaka shingoni.

"Mashallah, kama biharusi!" bibi akasema, akawaita majirani waje kuutazama.

Kesho yake magharibi alikula tende, akapiga funda la maji, akaugeukia mtungi.

"Nani kayachemsha maji haya?"

Nilikimbilia kitabu, nikawasomea wote kwa sauti: mtungi hupoza maji kwa sababu maji hupenya kwenye udongo, yakakauka kwa nje na kuondoka na joto; udongo ukizibwa, hayapoi.

"Ulipoanza kupaka ulikuwa umesoma mpaka wapi?"

"Ukurasa wa kumi na mbili, bibi."

"Na hayo ya jasho?"

"Kumi na tatu."

Nikaukwangua kwa msasa, nikiwa na saumu yangu, mpaka Idi.

Sasa hivi fundi ameniuliza, "Rangi imebaki, nikupakie na huu mtungi hapa mlangoni?" Nimepiga ukelele mpaka brashi imemponyoka.