Mafuta Yaliyoishia Lusahunga

Wakimbizi wa Rwanda na Burundi walipojaa Kasulo, wilayani Ngara, hadi vilima vikageuka rangi ya maturubai, mimi nilikuwa mwandishi wa wilayani wa gazeti moja la Mwanza. Nilikuwa na kamera ndogo, baiskeli ya marehemu baba na Kihangaza changu. Kihangaza ndicho kilichonifaa zaidi. Waandishi waliotoka mbali walitembea na wakalimani. Mimi niliongea lugha ya nyumbani, mkimbizi akanijibu kwa Kirundi au Kinyarwanda, tukaelewana.

Siku moja mhariri alinipata kwa simu ya misheni. "Andika wakimbizi wanavyouza chakula cha msaada," akasema. "Wananchi wanalalamika, wakubwa wanalalamika. Iwe kali."

Nilikwenda sokoni karibu na kambi, na kweli walikuwa wanauza. Mwanamke mmoja alikuwa ameketi chini, anapima mahindi kwa kikombe. Nikamuuliza kwa nini anauza chakula alichopewa bure.

Hakukasirika. "Watoto hawawezi kula mahindi matupu kila siku, dada. Nauza haya nipate chumvi na mafuta."

"Mafuta si mnapewa kwenye mgawo?"

"Tulikuwa tunapewa. Tangu mvua zianze hatujayaona. Sasa nanunua pale." Akanionyesha kibanda cha pili kutoka alipokaa.

Makopo yalikuwa yamepangwa juu kwa juu kama matofali, mapya kabisa, kila moja limeandikwa kwamba ni msaada na haliuzwi. Mwenye kibanda hakuona la kuficha. Aliniambia ananunua kwa jumla Lusahunga, kama wenzake wote. Yule mama alikuwa anauza mahindi yake ili anunue mafuta yake mwenyewe, na mimi nilikuwa nimetumwa nikamwite mwizi.

Kesho yake nikapanda gari hadi Lusahunga. Malori yote ya kambini yalipita pale kabla ya kushika barabara ya Rusumo, na madereva walisimama kula. Kulikuwa na mgahawa wa mama mmoja ambaye babu zake walitoka pwani wakaja kufanya biashara Biharamulo. Nilimwamkia shikamoo, akaitikia, nikamweleza ukweli wangu: nimekuja kuangalia malori.

"Malori kila mtu anayaona," akasema. "Kaa pale dirishani. Ila chai utalipia."

Ng'ambo ya barabara kulikuwa na ua wa mabati wa mfanyabiashara aliyejulikana na kila mtu. Mchana kweupe, lori la msaada likaingia kinyumenyume. Utingo wakashusha makatoni ya mafuta, wakafunga turubai upya, lori likatoka na kwenda zake. Likaja jingine. Kwenye meza iliyo nyuma yangu walikaa askari wawili wakinywa chai, wakaangalia kama mtu anavyoangalia mvua. Kilichoniudhi kuliko wizi wenyewe ni kwamba hakuna aliyejisumbua kujificha.

Kutoka dirishani namba za magari hazikuonekana. Nikavuka barabara, nikasimama mbele ya geti, nikapiga picha. Nilipiga namba, nilipiga makatoni, nilipiga uso wa mtu aliyekuwa anaelekeza. Mlinzi akanikimbilia na kuushika mshipi wa kamera.

"Toa filamu!"

"Sitoi."

Akavuta, nami nikavuta. Yule mama wa mgahawa akatoka na mwiko wake mkononi, akapaza sauti barabara nzima ikasikia: "Mwache mgeni wangu! Kama mnachofanya humo ni halali, picha itawadhuru nini?"

Abiria wa basi la Mwanza, waliokuwa wanamalizia kula, wakageuka wote. Mlinzi akaachia. Sikungoja afikirie mara ya pili. Nikaitoa filamu kwenye kamera, nikaitia kwenye kikopo chake, nikampa kondakta ambaye siku zote alinipelekea habari zangu, na basi likaondoka huku mlinzi akilikodolea macho.

Habari haijachapwa bado, nikaitwa kwenye ofisi moja ya serikali Ngara. Afisa hakunikaribisha kiti.

"Nani amekutuma kupiga picha za malori?"

"Gazeti, mzee. Na marori niliyaona kwa macho yangu."

Akatabasamu. "Umesema marori? Rudia."

Nilielewa anakokwenda. Nusu ya Ngara husema rori, akiwemo dereva wake mwenyewe. Nikarudia kwa makusudi, kwa r nzito kuliko mwanzo: "Marori."

"Mama yako alizaliwa wapi?"

"Rwanda."

"Basi wewe ni mkimbizi. Na mkimbizi haandiki kuhusu mambo ya nchi hii. Nikitaka, utalala ng'ambo ya mto, Rwanda."

"Baba yangu alikuwa Mhangaza wa Bukiriro, hapa hapa Ngara, mzee, na nimezaliwa huko. Lakini hata ningekuwa mkimbizi, makopo yale yangebaki yameibwa."

Akaniambia nirudi kesho na vithibitisho vya uraia, nisipofanya hivyo nitaona.

Nilipofika nyumbani nilimkuta mama anapukuchua maharage. Nilitaka kumficha, nikashindwa. Mama yangu alivuka mpaka akiwa msichana, katika wimbi la zamani la wakimbizi, na maisha yake yote alinyamaza mbele ya watu wa ofisi. Nilidhani ataniambia niache. Aliendelea kupukuchua, kisha akasema, "Kesho tunakwenda wote."

Alivaa gauni lake la kanisani. Tulipoingia, alivuta kiti bila kuambiwa, akaketi, akamtazama yule afisa, akingoja kuamkiwa. Yule bwana angeweza kuwa mwanawe, na alilijua hilo.

"Shikamoo, mama," hatimaye akasema.

"Marahaba, mwanangu." Akavuta pumzi. "Nasikia unatafuta mkimbizi. Ni mimi. Nilikuja kwa miguu, nikapewa shamba, nikalima, nikamzika mume wangu katika ardhi hii. Huyu nimemzaa Bukiriro. Kama kuna lori la kunirudisha, liite. Lakini lipitie Lusahunga, watu wanione."

Afisa alipanga upya karatasi zake ambazo zilikuwa zimepangwa tayari. Alisema tusimwelewe vibaya, yeye alikuwa anafuata taratibu. Tukatoka. Nje mama alinipa mkoba wake nimshikie. "Andika," akaniambia kwa Kinyarwanda, "na usipunguze."

Habari ilitoka ukurasa wa ndani, mhariri akiwa ameipunguza, lakini picha ya namba za magari ilibaki. Ua wa mabati ulifungwa kwa muda. Afisa akahamishiwa wilaya nyingine, na mfanyabiashara hakuguswa hata kidogo. Wakimbizi walianza kupata mafuta tena, pungufu, lakini walipata. Mimi nilinyang'anywa kibali cha kuingia kambini.

Basi sikuingia. Nilikaa kwenye njia ya kuni, nje ya geti, ambako wanawake walipita asubuhi na mizigo kichwani. Walitua mizigo, wakapumzika, wakanieleza. Niliandika habari nyingi zaidi nikiwa nje kuliko nilizowahi kuandika nikiwa ndani.

Miaka baadaye, televisheni ilipoanza kutafuta watu wa uchunguzi, niliajiriwa Dar es Salaam. Mkuu wa kipindi alinishauri nirekebishe matamshi yangu, watazamaji wasije wakadhani mimi ni mtu wa kuja. Nilimwambia nitarekebisha habari ikiwa na kosa. Jioni hiyo nikasoma taarifa yangu ya kwanza mbele ya kamera, na nilipofika kwenye neno lori, nikalitamka kama tunavyolitamka kwetu.