Niliwapa Mafundi Kitabu cha Mama Wafutie Grisi

Kosa ni langu, na simtafuti mtu wa kugawana naye. Jina langu liacheni. Jueni tu kwamba mimi ni fundi wa makarasha, zile mashine za kusaga mawe ya dhahabu, huku Segese, na kwamba nilimnyima mama yangu kitu ambacho mpaka leo nimeshindwa kumrudishia.

Mama aliletwa kwangu kutoka Songwa baada ya kupata mtoto wa jicho. Akawa haoni zaidi ya kivuli cha mtu mlangoni. Alikuwa mtu wa jembe na ng'ombe, sasa akawa mtu wa kukaa kwenye mkeka na kunyamaza.

Mke wangu, Mama Kulwa, ndiye aliyeupatia dawa ukimya ule. Alipokuwa akienda Kahama kuchukua mitumba ya kuuza, alikutana na mwalimu mstaafu anayeazimisha vitabu nyumbani kwake. Ana masanduku ya vitabu vya kila aina: ufugaji wa mbuzi, sheria za mirathi, afya ya wajawazito, safari za watu, na hadithi tele. Mwalimu ana sharti moja tu. Ukiazima unachukua viwili, kimoja cha mambo ya kweli na kimoja cha kubuni.

Mke wangu akaleta viwili, cha mbuzi na cha hadithi. Cha mbuzi nilikipenda. Nilikisoma mwenyewe nikakimaliza. Kile cha hadithi nilikichukia tangu nilipokiona, kichakavu, hakina hata jalada.

"Huu ni uongo wa mtu aliyekosa kazi," nikamwambia mke wangu.

"Kisome kwanza, Baba Kulwa."

Sikukisoma.

Mchana mmoja mota ya karasha iliungua na mwenye mashine akanitukana mbele za watu. Nikarudi nyumbani na njaa yangu. Nikamkuta mke wangu kwenye mkeka, kitabu mkononi, anasoma sentensi mbili kwa Kiswahili kisha anamsimulia mama kwa Kisukuma. Mama anacheka mpaka anajifuta machozi. Jikoni sufuria ya michembe, vile viazi vya kukausha, ipo, moto umezimika.

Nitasema ukweli. Haikuwa njaa. Niliona wivu. Mimi ndiye mtoto wake, na tangu aje kwangu sikuwahi kumchekesha hata mara moja.

Nikakipokonya kile kitabu. Mama akanyoosha mkono hewani. "Tuachie, baba. Tumebakiza kidogo."

Nikaondoka nacho mpaka kwenye karasha. Mafundi wenzangu walikuwa wanafungua mota, mikono imejaa grisi. Nikawatupia. "Jifutieni hiki." Kufika saa kumi hakikubaki ukurasa.

Siku ya nne mama akaniita.

"Yule mwanamke, alimpata mdogo wake?"

Sikujua anamzungumzia nani. Ikabidi nimfuate mke wangu uani anieleze. Kumbe kitabu kilikuwa cha mwanamke aliyekuwa anamtafuta mdogo wake, aliyekwenda kwenye mashamba ya mkonge akaacha kuandika barua. Mwisho wake hata mke wangu hakuwa ameufikia.

Jamani. Mdogo wangu mwenyewe alikwenda machimbo ya Geita, huu mwaka wa sita, hatujapata hata salamu. Mama hamtaji. Mimi pia simtaji.

Nikarudi ndani. "Alimpata, mayu."

"Alimkuta wapi?"

"Huko huko shambani."

"Akamwambia nini?"

Nikabuni. Nikasema, "Akamwambia, turudi nyumbani."

Mama akatikisa kichwa. "Hukukisoma. Unanijibu kama mtu anayefukuza kuku."

Nilikwenda Kahama kwa yule mwalimu. Nikampa shikamoo, akaitikia, nikamweleza yote. Hakunigombeza, na afadhali angenigombeza.

"Kile nilikinunua hivyo hivyo, hakina mwanzo wala jina," akasema. "Hata mimi sijui ni cha nani."

"Mwisho wake je, mwalimu? Unaukumbuka?"

"Nimesoma hadithi nyingi, zimechanganyika kichwani. Nikikwambia nitakudanganya, na wewe umeshadanganya vya kutosha."

Tangu hapo nahangaika. Wauza vitabu vya mitumba wa Kahama na wa Shinyanga mjini wamenichoka. Wananiuliza jina la kitabu, sina. La mwandishi, sina. Mmoja akaniambia, "Sasa bwana, nikutafutie nini?" Nikanunua chochote kilichokuwa mbele yangu, nikaondoka.

Hivyo ndivyo nilivyoanza kusoma. Kimoja cha nyuki. Kimoja cha historia ya reli. Kimoja cha kubuni, cha mpishi wa gerezani, kilichonitoa machozi nikiwa nimekaa pembeni ya mota. Vingi nimevipenda, na hilo ndilo linaloniuma zaidi. Utamu wote huu ulikuwa ndani ya nyumba yangu, unasomwa kwa sauti, bure, na mimi nikauzima.

Mama amesharudi Songwa kwa dada yangu. Mke wangu bado anasoma, ila anasomea huko huko kwa mwalimu, haleti kitabu nyumbani. Nikimuuliza amesoma nini ananijibu, "Vya kawaida tu," kisha anaendelea na kazi.

Jumapili iliyopita nilimfuata mama na kitabu kingine. Nikamsomea kurasa kadhaa, natafsiri kwa kujikwaa. Alisikiliza kwa heshima mpaka nikafunga kitabu.

"Kizuri," akasema. "Lakini siyo chetu."

Ndugu yangu unayesoma hapa, ukimkuta mtu wa nyumbani kwako ameshika kitabu usichokijua, kiwe cha kilimo, kiwe cha watu ambao hawakuwahi kuzaliwa, kaa chini usikilize hata ukurasa mmoja. Kama una hasira, toka, zunguka, urudi ukiwa umepoa. Mimi sikukaa. Sasa mama yangu ana swali moja, na hapa duniani sijampata mtu wa kumjibu.