Mume Wangu na Mchezo wa Ngedere

Bartholomeo nimemvumilia miaka kumi na mmoja, na sijui nani mwingine angemweza. Alizaliwa Mahenge, akasomea ualimu, akaletwa kufundisha hesabu hapa Morogoro, kwenye sekondari iliyo chini ya mlima. Mwaka sabini na nne akapewa darasa la wenye vipawa: watoto ishirini waliochaguliwa mkoa mzima, kila mmoja kichwa kinachemka na mdomo haukai. Mimi nilikuwa nafundisha upishi na ushonaji shuleni hapo hapo, kwa hiyo sikuwa na pa kumkimbia.

Basi wale watoto wakaigiza mchezo wa kuchekesha, watu wa redio wakaja kuurekodi. Ngedere wameingia shamba la shule, wanafunzi wanataka kuwafukuza, mwalimu anawazuia. "Subirini. Kwanza tukubaliane ngedere ni nini." Anachora pembetatu chini mpaka mahindi yanakwisha. Ubaya wake, jambo lenyewe lilitokea kweli, na mwalimu mwenyewe ni huyu wangu. Muhula mzima tulikula ugali wa unga wa kununua.

Jumapili mchezo ukatangazwa, na Mkuu wa shule akausikia akiwa na wageni wa wilaya. Kesho yake akatuita walimu wote kikaoni. Mwalimu amedhalilishwa mbele ya taifa zima, akasema, aliyetunga afukuzwe. Wengi wetu tulijua ni Mwaisha, binti aliyetoka kijiji cha Matombo. Baba yake alikwisha kupokea posa. Kilichomzuia kumwoza ni shule tu.

"Nimetunga mimi," akasema Bartholomeo.

Jamani, huyu mtu. Tangu tuoane hajawahi kutania hata mtoto mchanga. Nikamkanyaga mguu chini ya meza, akausogeza.

"Wewe?" akauliza Mkuu. "Haya, tuchekeshe hapa hapa, ndugu. Ukishindwa, nataka jina la huyo mtoto."

Bartholomeo akasimama, akapandisha suruali, akatutazama mmoja mmoja kama anahesabu mahudhurio. "Ndugu Mkuu," akasema taratibu, "kwanza tukubaliane kicheko ni nini." Akachukua chaki, akaanza kuchora pembetatu ubaoni.

Walimu wakavunjika mbavu. Mkuu mwenyewe akalalia meza, machozi yanamtoka, akapunga mkono kwamba kikao kimekwisha. Mimi sikucheka. Watu ninaowapikia chai kila siku wanamcheka mume wangu mbele yangu, iliniuma sana.

Njiani nikammwagia yote. "Baba Felista, wewe ni mtu wa namna gani? Hukuona kwamba wanakucheka wewe?"

"Niliona," akasema. "Ndiyo maana nikachukua chaki. Mama Felista, yule mtoto atamaliza shule."

Nilichoka naye kabisa. Nikamshika mkono, mchana kweupe, barabara ya sokoni, watu wakitutazama.