Sahani ya Bi Zuhura

Mbeyu huandikisha wanafunzi katika chuo cha kibinafsi kule Mbaraki. Ndiye aliyemshawishi jirani yake wa mtaa wa Kuze, Bi Zuhura, ampeleke bintiye akasomee ufamasia pale. Wakubwa wa chuo walimwambia Mbeyu kibali cha serikali cha kozi hiyo ki njiani, naye akakisifu kama aliyekiona kwa macho.

Serikali ilikataa, chuo kikashtaki. Siku mahakama ilipoamua kwamba kozi ile si halali, binti alirudi nyumbani akilia.

Magharibi, kama kila siku ya Ramadhani, Bi Zuhura alimpigia Mbeyu hodi, sahani ya futari mkononi.

"Kula, mwanangu, ingali moto."

Kesi hakuitaja.

Kuze sahani ya jirani hairudishwi tupu. Mbeyu aliiosha, akaifuta, akaiosha tena. Cha kuitilia hakukiona.